Kenya: Chama cha ushirika kimekunyima haki zako za kustaafu? Jua mlango wako kabla ya kubisha

Mtunza Leja aliandika:

Ndugu zangu, mniwie radhi kwa urefu wa uzi huu. Naandika kwa sababu wiki iliyopita nimekutana na wenzangu wawili tuliofanya kazi pamoja, wote wamestaafu, wote wanadai, na wote wanaelekea kulifanya kosa lililonigharimu mwaka mmoja na nusu.

Nilikuwa karani wa leja katika chama cha ushirika cha wafugaji wa ng'ombe wa maziwa kwa miaka 27. Nilistaafu Machi 2019 nikiwa na miaka 60. Siku ya kuniaga walinivisha shuka begani, wakanipa saa ya ukutani, mwenyekiti akasema hundi yangu itafuata. Saa bado inatembea. Hundi niliifuata mpaka kortini.

Nilichokuwa nadai kilikuwa cha aina tatu, na hapo ndipo nataka mniangalie vizuri. Kwanza, mimi mwenyewe nilikuwa mwanachama: nina ng'ombe wawili, nilipeleka maziwa, nilikuwa na hisa, na chama kilikuwa na malimbikizo ya maziwa yangu ya miezi minne. Pili, kiinua mgongo. Mkataba wa pamoja kati ya chama na chama chetu cha wafanyakazi ulisema kila mwaka wa kazi una siku zake za mshahara ukistaafu. Tatu, mfuko wa uzeeni wa wafanyakazi, ambao kila mwezi slipu yangu ilionyesha makato.

Mimi nikaona mdaiwa ni mmoja, basi kesi ni moja. Agosti 2019 nikaandika yote matatu kwenye karatasi moja nikayapeleka Jopo la Vyama vya Ushirika, kwa kuwa jina lenyewe lina neno ushirika. Februari 2021 jopo likakubali pingamizi la awali la wakili wa chama: malimbikizo ya maziwa yatasikizwa hapo, lakini kiinua mgongo na mfuko wa uzeeni si vyao. Vikaondolewa. Havikukataliwa kwa sababu sina haki. Viliondolewa kwa sababu nilibisha mlango usio wangu, na muda wote ule saa ya sheria ilikuwa inahesabu.

Jambo ninalotaka kila anayestaafu kutoka chama cha ushirika alijue ni hili: usiulize "nani ananidai ama namdai nani". Uliza kila shilingi unayoidai ilizaliwa wapi. Ilizaliwa kwenye uanachama, kwenye kazi, au kwenye mfuko wa uzeeni? Jibu hilo ndilo linalochagua korti.

Uanachama kwanza. Sheria ya Vyama vya Ushirika, Sura ya 490, kifungu cha 76, inasema mzozo kuhusu shughuli za chama kati ya mwanachama, aliyekuwa mwanachama au mrithi wake na chama, kamati au maafisa wake, upelekwe kwenye jopo. Hisa, akiba ya Sacco, pesa za mazao, hayo ndiyo makao yake. Usiporidhika, rufaa ni Mahakama Kuu ndani ya siku 30.

Kazi nayo: mshahara uliobaki, siku za likizo, kiinua mgongo cha mkataba. Hayo ni ya Mahakama ya Leba. Kama mshahara wako wa jumla haukuzidi shilingi 80,000 kwa mwezi, wapo mahakimu waliotangazwa kwenye gazeti rasmi la serikali mwaka 2018 kusikiliza kesi za kazi, kwa hiyo si lazima usafiri mbali.

Mfuko wa uzeeni uliosajiliwa ni nchi nyingine kabisa. Mfuko si mali ya chama hata kama ofisi yake ni chumba cha pili baada ya ya meneja. Una wadhamini wake, hati yake na sheria zake, na msimamizi wake ni Mamlaka ya Malipo ya Uzeeni, yaani RBA, chini ya sheria ya mwaka 1997. Huko unaanza na wadhamini, kisha unamwandikia Afisa Mkuu Mtendaji wa RBA aupitie uamuzi wao, na usiporidhika naye unakwenda Jopo la Rufaa la Malipo ya Uzeeni ndani ya siku 30.

Leba nilifika Juni 2021, imebaki miezi tisa tu ile miaka 3 ya kudai iishe nifungiwe. Kwa RBA nilianza upya kabisa.

Ulizeni, nitajibu ninachokijua. Nisichokijua wapo mawakili humu.

---

Dereva wa Tangi aliandika:

Mzee, asante sana. Mimi niliendesha lori la chama miaka 18. Hatukuwa na mfuko wa uzeeni, wala chama cha wafanyakazi hakikutufikia. NSSF tu, ule mfuko wa taifa wa hifadhi ya jamii. Nimeambiwa na watu nidai "service" ya miaka yote 18. Nianzie wapi?

---

Wakili wa Kaunti aliandika:

Mtunza Leja ameeleza vizuri kuliko mawakili wengi niliowasikia. Ngoja nimjibu dereva kwanza, na jibu lenyewe chungu.

Sheria ya Ajira ya 2007, kifungu cha 35, inampa mfanyakazi malipo ya utumishi kwa kila mwaka aliofanya kazi. Lakini kifungu hicho hicho kinamwondoa mtu aliye kwenye mfuko wa uzeeni uliosajiliwa, aliye kwenye mpango wa kiinua mgongo chini ya mkataba wa pamoja, na pia mwanachama wa NSSF. Kwa hiyo kama chama kilikupelekea NSSF kila mwezi, dai la "service" kwa kawaida litaanguka. Watu wengi wanatumia nauli na ada kulifuata kwa miaka kabla ya kuambiwa hivyo na hakimu.

Sasa nenda NSSF uchukue taarifa ya michango yako, mwezi kwa mwezi. Usikubali kuambiwa "tulikuwa tunalipa". Kuna hukumu ambazo majaji walimpa mfanyakazi malipo ya utumishi pale ilipoonekana mwajiri alikuwa hapeleki NSSF. Miezi yenye mapengo ndiyo kesi yako. Weka pia slipu zinazoonyesha kwamba makato yalifanyika, kwa sababu mwajiri anayekata kwenye mshahara na asifikishe pesa inakopaswa anatenda kosa la jinai chini ya kifungu cha 19 cha Sheria hiyo hiyo ya Ajira: faini isiyozidi shilingi 100,000, au kifungo kisichozidi miaka 2, au vyote.

Na angalia kama una barua ya ajira inayotaja kiinua mgongo. Madereva wengi hawaisomi tena baada ya siku waliyoitia sahihi.

---

Mama Hisa aliandika:

Mimi kisa changu ni tofauti. Nilikuwa mhudumu wa Sacco, na pia mwanachama wa hiyo hiyo Sacco. Nilistaafu mwaka jana. Nilimdhamini mwenzangu mkopo, akaacha kulipa, akahama. Sasa Sacco imezuia akiba yangu yote, na meneja ananiambia hata pesa zangu za mfuko wa uzeeni wataziomba wadhamini wazikate huko huko. Nimelala njaa ya usingizi wiki tatu. Wanaweza?

---

Mtunza Leja aliandika:

Mama, pole sana. Hapa kuna neno moja linalotuchanganya wengi: mdhamini wa mkopo ni mdhamini, na mtu anayeutunza mfuko wa uzeeni naye tunamwita mdhamini. Wewe ni wa kwanza, wao ni wa pili, na pesa wanazozitunza hazichanganyiki na dhamana yako. Nimwachie wakili sehemu ya sheria.

---

Wakili wa Kaunti aliandika:

Mama Hisa, tenganisha.

Akiba yako katika Sacco umeiweka mwenyewe kuwa dhamana ulipotia sahihi fomu. Hapo Sacco ina la kusema. Lakini dhamana yako ina kiasi. Kama ulidhamini sehemu ya mkopo, hawana sababu ya kushikilia akiba yote. Omba kwa maandishi taarifa ya mkopo huo: mkopaji alibakiza kiasi gani, wadhamini ni wangapi, fungu lako ni shilingi ngapi, na hatua gani zimechukuliwa dhidi ya mkopaji mwenyewe. Kinachozidi fungu lako wakurudishie. Wakikataa, huo ni mzozo wa mwanachama na chama: Jopo la Vyama vya Ushirika.

Pesa za mfuko wa uzeeni ni habari nyingine. Kifungu cha 36 cha Sheria ya Malipo ya Uzeeni kinazilinda: hata mtu akiwa na hukumu ya korti dhidi yako, hawezi kuzikamata mikononi mwa mfuko isipokuwa kwa namna ambayo sheria za mfuko wenyewe zinaruhusu. Meneja wa Sacco hana amri juu ya wadhamini wa mfuko. Mwandikie barua katibu wa wadhamini leo, useme hujaruhusu makato yoyote, na uombe nakala ya sheria za mfuko. Ni haki yako kuzisoma.

---

Mama Hisa aliandika:

Mungu akubariki wakili. Nilikuwa nimeshakubali moyoni kwamba zimekwenda.

---

Sauti ya Bandari aliandika:

Kwa nini mnazunguka hivi? Katiba ipo. Kifungu cha 41 kinalinda haki za mfanyakazi, cha 43 kinazungumzia usalama wa kijamii. Andika ombi la kikatiba, nenda moja kwa moja Mahakama Kuu, jaji aamue yote kwa mara moja. Haya majopo yamejaa kuahirisha.

---

Wakili wa Kaunti aliandika:

Ndugu, hasira yako naielewa, na kwa jina lako nadhani uko karibu na mahali somo hili lilipotoka. Wanachama wa mfuko wa uzeeni wa Mamlaka ya Bandari walikwenda hivyo hivyo, wakaishtaki bodi ya wadhamini moja kwa moja kortini. Kesi ikapanda hadi Mahakama ya Juu Zaidi, na mwaka 2019 ikaamuliwa kwamba sheria imeweka ngazi: Afisa Mkuu Mtendaji wa RBA, kisha jopo la rufaa, na ngazi hizo zipandwe kwanza. Mahakama ikaeleza pia kwamba uhusiano wa mwanachama na wadhamini si uhusiano wa mwajiri na mwajiriwa, kwa hiyo mzozo wa aina hiyo hauanzii Mahakama ya Leba.

Wastaafu waliokuwa wamesubiri miaka mingi wakaambiwa warudi mwanzo. Sitaki mtu humu arudie safari hiyo. Ombi la kikatiba lina mahali pake, lakini si njia ya kuruka foleni.

---

Kamati ya Zamani aliandika:

Nami niseme kidogo, maana nilikaa kwenye kamati ya usimamizi mihula miwili. Si kila chama kisicholipa ni cha wezi. Sisi kiwanda kilichonunua maziwa kilichelewa kutulipa miezi mitano, wakulima wamejaa uani, na pesa ya kwanza iliyokuwa karibu ni makato ya wafanyakazi. Tulisema tutarudisha mwezi ujao. Mwezi ujao haukuja. Nakiri mbele yenu kwamba tulikosea, na wafanyakazi waliostaafu wakati huo ndio waliobeba mzigo.

Wanachama wengi hawajui hili: Kamishna wa Maendeleo ya Ushirika anaweza kuagiza uchunguzi wa hesabu za chama, na ikionekana afisa alitumia pesa vibaya, anaweza kuamuru afisa huyo azirudishe kutoka mfukoni mwake. Ni kifungu cha 73 cha Sheria ya Vyama vya Ushirika. Mwenzetu mmoja aliamriwa. Kwa hiyo mstaafu asiogope kupeleka nakala ya malalamiko yake kwa Kamishna. Haimlipi moja kwa moja, lakini kamati inaamka.

---

Mtunza Leja aliandika:

Nakushukuru kwa ukweli huo. Ningependa mwenyekiti wetu angeyasema hayo siku ile ya shuka.

Ngoja niwaeleze jinsi nilivyoligundua pengo langu, kwa sababu hapo ndipo kesi iliposhindwa au kushinda. Mke wangu ndiye aliyehifadhi slipu. Alizitia kwenye mfuko wa unga wa kilo mbili, akaufunga kwa uzi wa gunia, akautundika jikoni mbali na panya. Nilizimwaga mezani, nikazipanga kwa miaka, nikachukua daftari nikachora safu tatu: mwezi, makato kwenye slipu, pesa iliyoingia kwenye taarifa ya mfuko. Safu ya kwanza na ya pili zilijaa. Ya tatu ilikuwa na mashimo 41. Miezi 41 nilikatwa na pesa haikufika. Karani wa leja miaka 27, na leja yangu mwenyewe sikuwahi kuilinganisha.

Daftari lile ndilo nililolipeleka RBA pamoja na nakala za slipu. Sikuandika hadithi ndefu ya kuonewa. Niliandika mwezi, kiasi, ushahidi. Chama kikatakiwa kujibu shimo moja baada ya jingine, na hakikuwa na jibu. Sheria inaipa RBA uwezo wa kumbana mwajiri asiyewasilisha michango, lakini mtu wa Nairobi hawezi kuyaona mashimo ya slipu iliyo jikoni kwako.

---

Binti wa Mstaafu aliandika:

Samahani kwa kuingilia, shikamooni wazee. Baba alikuwa mlinzi wa ghala la ushirika wa kahawa. Alifariki miezi saba baada ya kustaafu, kabla hajalipwa chochote. Mjomba anasema lazima tufungue mirathi kwanza ndipo tudai. Mama hana nguvu za kufuata korti mbili.

---

Wakili wa Kaunti aliandika:

Marahaba binti, na poleni kwa msiba.

Mjomba ana ukweli nusu. Malipo kutoka mfuko wa uzeeni uliosajiliwa hayahesabiwi kuwa sehemu ya mali ya marehemu. Wadhamini wa mfuko huwalipa walengwa kwa kufuata sheria za mfuko na fomu ya uteuzi aliyojaza baba. Kwa hiyo ulizeni kwanza fomu hiyo inasemaje. Hisa za ushirika nazo, kama alikuwa mwanachama, sheria inatambua mtu aliyeteuliwa kwenye daftari la chama.

Kiinua mgongo na mishahara iliyobaki mikononi mwa mwajiri ndiyo inayohitaji msimamizi wa mirathi, kwa kuwa ni deni la marehemu. Anzeni na mfuko. Mama apate cha kumsukuma wakati mirathi inaendelea.

---

Dereva wa Tangi aliandika:

Nimetoka NSSF leo. Wamenichapia karatasi. Kati ya miaka 18, miaka 6 ya mwanzo haipo kabisa, na katikati kuna miezi 14 imerukwa. Meneja nimempigia, ameniambia niwe mpole, afisa wa leba atatukalisha chini tuelewane, hakuna haja ya korti. Ameahidi kikao baada ya mkutano mkuu.

---

Mtunza Leja aliandika:

Ndugu yangu, kaa chini na hesabu hii kabla ya kukaa chini na meneja. Ulistaafu lini hasa? Taja siku.

---

Dereva wa Tangi aliandika:

Tarehe 30 ya mwezi wa nane. Mwezi huu inatimia miaka miwili na miezi saba.

---

Wakili wa Kaunti aliandika:

Basi una miezi mitano. Dai linalotokana na mkataba wa kazi lina miaka 3 tangu haki ilipozaliwa. Kwa ukiukaji unaoendelea ni miezi 12 tangu ulipokoma, lakini usijifiche nyuma ya hiyo, kwa sababu korti zimesema mara nyingi kwamba malipo ya mwisho ambayo hayakulipwa siku ya kuondoka si ukiukaji unaoendelea. Ni deni lililoiva siku ile.

Na hili wengi hawaambiwi: mazungumzo hayasimamishi saa. Barua kutoka kwa wakili haisimamishi. Kikao cha afisa wa leba hakisimamishi. Jaji hana uwezo wa kukuongezea muda hata akikuhurumia. Nimeona mwajiri akimwita mstaafu kwenye vikao vinne vizuri vyenye chai, na cha tano akaja na wakili wa kusema muda umekwisha.

Nenda kwenye kikao cha afisa wa leba, hakina ubaya, mara nyingine watu wanalipana hapo. Lakini kesi iwe imeshafunguliwa, au tarehe ya kuifungua iwe imeshawekwa, na isizidi mwezi ujao.

---

Mama Hisa aliandika:

Wakili, kabla hujaondoka: katibu wa wadhamini amepokea barua yangu lakini amekataa kunigongea muhuri kwenye nakala. Anasema haina haja, tunajuana.

---

Mtunza Leja aliandika:

Mama, wacha nijibu hilo mimi. Mpelekee nyingine kwa posta ya rejesta, na utunze risiti. Mimi nilikosa muhuri kwenye barua yangu ya kwanza kwa wadhamini kwa sababu hiyo hiyo ya kujuana, na RBA waliponiuliza ni lini niliwaomba uamuzi, sikuwa na karatasi ya kuonyesha. Ilibidi niandike upya na kusubiri tena.

---

Dereva wa Tangi aliandika:

Nimepata slipu 112 kwa dada yangu, nyingine zimefifia lakini jina la chama na tarehe zinasomeka. Nimechora zile safu tatu. Jumatatu nakwenda kwa masijala ya korti ya hapa kuulizia hakimu wa kesi za kazi, mshahara wangu haukufika hata nusu ya hiyo 80,000. Kikao cha meneja nimemwambia nitakuja, baada ya Jumatatu.